Sahani ya Yangzom

Ama Nidup, yaani Mama Nidup, alikuwa hodari wa kugombana na wafu. Walio hai aliwavumilia, lakini wafu hakuwapa nafasi ya kupumua.

Kwetu mtu akifa haondoki papo hapo. Huzungukazunguka nyumbani kwa wiki saba, mwenyewe hajui kama amekufa, na kila watu wanapokula, naye huwekewa sahani yake juu ya jiwe la mlangoni. Sahani peke yake haitoshi. Sharti aitwe, na aitwe kwa lugha ambayo mama yake alimwitia chakula alipokuwa mdogo, kwa sababu mfu hupoteza masikio yote akabaki na lile la utotoni tu. Asipoitwa, ataiona sahani na kuipita kama mgeni ambaye hakukaribishwa, na huko aendako atakwenda na njaa.

Zamani jambo hili halikumsumbua mtu. Kila nyumba ilikuwa na vinywa vya Kichali, lugha yetu, vya kutosha, hata watu waligombea nani aite. Lakini Kichali chenyewe hakivuki mto. Ni vijiji vichache upande huu wa mlima. Ukishuka darajani tayari ni Kitshangla, na ukifika Mongar mjini ni vurugu tupu. Vijana wetu siku hizi wako mji mkuu, Thimphu, wengine wako Australia wanaosha vyombo vya watu na kututumia picha za magari. Mzazi akifa wanarudi na miwani yao myeusi, wanasimama mlangoni na Kidzongkha chao cha maofisini kilichonyooka, na hawana hata neno moja la kumwambia baba aliyesema Kichali maisha yake yote. Hapo ndipo walipomfuata Nidup, dada yangu, binti wa mama yangu mkubwa. Akawa anawaitia.

Nilikuwapo alipomwita mzee Phuntsho, jirani yetu aliyetuibia maji ya shamba miaka nenda miaka rudi. Wanawe walisimama nyuma wamefumba mikono.

"Phuntsho! We Phuntsho, mwizi wa maji!" Nidup alipaza sauti kuelekea shambani. "Njoo ule. Leo kuna nguruwe, mafuta yake mazito kama unavyopenda. Usijifanye huna njaa, nakujua mimi. Wanao wamekuja. Yule mnene ndiye Wangda, usishtuke, ndivyo alivyokua. Ng'ombe wako kazaa, dume, pole sana. Haya, kaa, kula taratibu, hakuna anayekufukuza."

Wangda aliniinamia sikioni. "Shangazi, anasema nini?"

"Anamwambia baba yako umenenepa."

Akacheka, na katikati ya kicheko akaanza kulia kama mtoto. Basi hiyo ndiyo ilikuwa kazi ya dada yangu, na hakuna aliyeifanya vizuri kumzidi.

Sasa niseme habari ya mtoto wake, ambayo naisema kwa uchungu.

Nidup alikuwa na mimba changa mumewe Leki alipoanguka kutoka mtini akikata majani ya ng'ombe. Tulimbeba hadi barabarani, akapakiwa kwenye lori, na Nidup akaenda naye peke yake hospitali ya huko bondeni. Hakuna aliyejua Kichali. Walimuuliza mambo, hakuelewa. Akawaonyesha kwa kidole mti uliokuwa uani, akainua mikono, akaiangusha, akaonyesha tena ule mti. Wale watu walikuwa na huruma zao, nisiwasingizie. Walidhani mwanamke huyu amechoka na jua. Wakamshika mkono wakampeleka kivulini, wakampa na maji. Leki akakata roho ndani, mkewe ameketi chini ya mti.

Angekufa tu, mgongo ulikuwa umevunjika. Nimemwambia hivyo mpaka nimechoka. Lakini yeye alirudi na neno moja: "Mwanangu hatapelekwa kivulini."

Akaenda kubeba mawe kwenye barabara mpya. Msimamizi wao alikuwa mtu wa magharibi ya nchi, wanakosema Kidzongkha, mwenye sauti kubwa, na kwake ndiko Nidup alikookota Kidzongkha. Yangzom alipozaliwa, mama mtu akaapa kwamba mtoto huyu hatasemeshwa Kichali, si na yeye wala na sisi. Atalelewa kwa lugha ya maofisini. Tatizo ni kwamba Nidup hakuwa na Kidzongkha cha ofisini. Alikuwa na cha msimamizi.

"Kaa! Leta! Simama! Kula! Haraka!" Ndivyo alivyomlea. Asubuhi unasikia kule nyumbani kwake, "Amka! Nawa! Fanya kazi!" na mtoto mwenyewe hajaota meno.

Wanawake mtoni walikuwa hawamwachi. "We Nidup, unalea mtoto au unajenga barabara?"

"Nalea mtu," alijibu. "Wa kwenu endeleeni kuwafundisha kunong'onezana na panya."

"Sasa ukitaka kumbembeleza unamwambiaje? Leta zege?"

Walicheka mpaka nguo zikachukuliwa na maji. Nidup hakucheka. Siku moja alinizaba kofi, mimi mtu mzima nimeolewa, kwa kuwa nilimwimbia Yangzom kiwimbo chetu cha kulaza watoto. Nilinuna mwezi mzima. Lakini nilimwelewa, na ndiyo maana kila mtu kijijini aliishia kufunga mdomo mbele ya yule mtoto.

Viumbe pekee walioendelea kupata Kichali cha Nidup walikuwa ng'ombe. Asingeweza kuwaita kwa lugha ya msimamizi, wasingemjua. Kila jioni alisimama langoni na chumvi kiganjani, akawaita kule juu msituni, na mwito wake ulikuwa mtamu hadi mtu unasahau unachofanya: "Karmo wangu, njoo mama, jua limeshuka. Njoo, miiba isikuchome, njoo, chui asikuone. Chumvi yako ninayo mkononi. Nyumbani ni hapa, njoo, mama, njoo." Watu walikuwa wakisema ng'ombe wa Nidup wana bahati kuliko mwanawe.

Na Yangzom naye alikuwa akija. Popote alipokuwa akicheza, akisikia ule mwito aliacha kila kitu, akatimua mbio kujiunga na ndama, akaingia nao. Alikuwa wa mwisho siku zote, miguu mifupi. Mama yake alishikilia lango mpaka apite, halafu mtoto huyo alikishika kile kiganja na kulamba chumvi iliyobaki. Nidup alimfuta mdomo kwa pindo la nguo yake. Hakumwambia kitu. Angemwambia nini, "Fanya kazi"?

Alipofika umri wa shule akapelekwa Mongar kukaa na familia ya karani mmoja, kisha bweni, kisha Thimphu. Akasoma kweli. Akapata kazi benki, akaolewa na kijana wa Paro aitwaye Namgyel, mpole, mwenye kucheka ovyo. Hakuna aliyempeleka Yangzom kivulini. Nidup alitembea kifua mbele, na alikuwa na haki.

Mwaka juzi, wakati wa kuvuna mahindi, Yangzom alikuja peke yake. Alikuja na blanketi, na viatu vya mama yake, na jiko la umeme ambalo halijawahi kuwashwa hadi leo. Jioni wakaketi karibu na moto wakitazamana. Mimi niliitwa kuwa katikati, maana mume wangu marehemu alikuwa askari, tukakaa huko magharibi, na Kidzongkha nakijua vya kutosha.

"Kula," Nidup alimwambia mwanawe.

"Nimeshiba, Ama."

"Kula."

Yangzom akanigeukia. Alikuwa na macho ya Leki. "Mama mdogo, mwambie jambo. Mwambie shuleni nilikuwa nalia kila akija kuniona. Mama za wenzangu walikuwa wanaongea mpaka basi linapiga honi. Yeye ananiambia kula, vaa, lala, basi, kaondoka. Nilidhani kuna kosa nimemfanyia."

Nikamwambia dada yangu. Alisukuma kuni ndani, akazitoa, akazisukuma tena.

"Mwambie," alisema kwa Kichali, "nilikuwa nikitoka tu getini naanza kuongea naye. Njia nzima, kupanda mlima wote, mpaka nafika hapa. Mwambie hakuna jiwe kwenye njia ile lisilojua habari zake. Watu walidhani nimerukwa na akili."

Nilitafsiri yote, sikubakiza neno. Lakini maneno yalifika yamepoa, kama chakula kilichopitishwa nyumba tatu. Yangzom alilia, mama yake akalia, na mimi pale katikati nikawa nalia na kutafsiri, kazi ambayo simtakii mtu.

"Nifundishe basi, Ama," Yangzom alisema. "Hata hayo machache uliyoyaambia mawe."

"Mwambie mwakani," Nidup akajibu. "Mwambie aombe likizo ndefu, aje akae. Nitamfundisha mpaka azibe masikio."

Wakakubaliana hivyo. Yangzom alifurahi hata akala.

Likizo hiyo haikufika. Majira ya maua mekundu ya mlimani, Namgyel alipiga simu kwangu. Yangzom alikuwa ameketi kazini, akasema kichwa kinamuuma, akalala mezani. Mshipa ulipasuka. Mimi ndiye niliyepanda hadi kwa dada yangu kumwambia, na sitaki kueleza nilivyomwambia.

Tulikwenda Thimphu, akachomwa moto kama ilivyo desturi yetu, kwa heshima zote. Wakwe zake walitaka Nidup abaki kule amalize wiki saba kwao, kuna watawa, kuna taa za siagi, kuna kila kitu. Akakataa. "Mama anaita mlangoni kwake," alisema. Akaomba mkanda wa nguo ya mwanawe, akaufunga kiunoni ili mtoto amfuate, tukarudi.

Siku ya kwanza nyumbani akapika kila alichodhani mtoto anakipenda. Wali mwekundu, pilipili na jibini, uyoga. Akaweka sahani juu ya jiwe. Majirani wakasogea, kama ilivyo ada, na kusema kweli wengi walikuja kusikiliza. Mwanamke aliyewaita wafu wa kijiji kizima, leo atamwitaje wa kwake?

Nidup akashika mwimo wa mlango. Akavuta pumzi.

"Yangzom," aliita. "Njoo. Kaa. Kula."

Akatafuta neno jingine, tukamwona anavyolitafuta.

"Haraka," alisema, na sauti ikamkatika.

Wale wanawake waliomcheka mtoni miaka ile walikuwapo, wamezeeka, na hakuna aliyecheka. Mmoja aliziba mdomo wake kwa mikono yote miwili. Chakula kikapoa kikawa baridi, kunguru akaja akachukua uyoga.

Nikamwambia, "Mwite kwa Kichali, dada. Mtoto ni damu yako, atasikia."

"Atasikia nini, Dema? Sauti ya mwanamke anayegombana na Phuntsho? Sikumpa hata neno moja. Nilikuwa nalipiga teke neno likimkaribia. Leo ndiyo nimwambie njoo ule kwa neno hilo hilo? Atadhani namwita mtoto wa mtu."

Wiki ya tatu nikamleta mwalimu wa shule, kijana mstaarabu, atusaidie kwa Kidzongkha chake. Alivaa nguo ya sherehe, akasimama mlangoni, akaita vizuri ajabu. Alimwita Yangzom binti mtukufu, akamkaribisha kwenye karamu ya mama mwenye huruma. Nidup alimsikiliza mpaka mwisho, akamshukuru, akampa pombe ya mahindi na mayai. Alipokwisha kuondoka aliniambia, "Ni kama redio. Mwanangu atadhani ni taarifa ya habari."

Basi akaendelea na yale maneno yake manne, ingawa alijua amri haimkaribishi mtu. Asubuhi, mchana, jioni. "Njoo. Kaa. Kula. Haraka." Kila mlo alimwaga chakula kilichopoa, na kila alipomwaga alizidi kukonda, maana na yeye alikuwa hali. Nilimwuliza kwa nini. "Nile vipi naye ana njaa?" alisema. Nilikasirika, nikamfokea, nikarudi kwangu, nikakosa usingizi. Hasira zangu zilikuwa kwa nani hasa, sijui. Kwa ule mti wa uani hospitalini, labda.

Ikafika siku ya mwisho ya wiki ya saba. Baada ya jua la siku ile, mfu hageuki nyuma tena. Watawa walisoma tangu alfajiri, bendera nyeupe za kumwombea zikasimikwa mgongoni mwa mlima, wageni wakala wakaondoka. Ikabaki sahani ya mwisho ya jioni. Nidup aliiweka juu ya jiwe, akasimama mbele yake, akafungua kinywa. Hata yale manne yalimgomea.

Nilimwona anaangalia sahani, anaangalia njia, na nikaelewa kwamba mwanawe anaondoka na njaa na yeye analijua hilo. Sijawahi kuona uso kama ule, na sitaki kuuona tena.

Kule juu ng'ombe akalia. Jua lilikuwa limegusa mlima na hakuna aliyekumbuka kuwaita. Ng'ombe hawajui matanga. Nidup akajifuta uso, akaingia ndani, akatoka na chumvi kiganjani, akaenda langoni kama mtu anayetembea usingizini. Nikamfuata, nikiogopa asije akaanguka.

"Karmo wangu," aliita, "njoo mama, jua limeshuka. Njoo, miiba isikuchome, njoo, chui asikuone..."

Akakatiza hapo. Akanitazama, macho yamemtoka.

"Dema. Hili alikuwa analijua."

Nikamwitikia kwa kichwa.

Akageuka kuelekea msituni, akajishika kwenye nguzo ya lango, na akaita kwa sauti ambayo sijapata kuisikia kwake, si ya kugombana, si ya barabarani. "Yangzom wangu, njoo mama, jua limeshuka. Njoo, miiba isikuchome. Njoo, mama, njoo, chui asikuone. Chumvi yako ninayo mkononi. Nyumbani ni hapa. Njoo, mama. Njoo."

Aliita hivyo tena na tena, Kichali kitupu, hadi majirani wakatoka milangoni mwao wakasimama. Hakuna aliyesogea.

Ng'ombe wakaanza kushuka. Karmo akapita mbele, akalamba kiganja, akaingia. Wakafuata wengine wawili. Wakafuata ndama wakisukumana, mmoja akampiga kikumbo Nidup na hakutikisika. Wote wakapita. Njia ikabaki tupu, na vumbi kidogo.

Yeye aliendelea kushikilia lango. Kisha akachutama taratibu, magoti yake mabovu yakilia, mpaka akafika chini kabisa, kimo cha mtoto mdogo. Akanyoosha kiganja chenye chumvi iliyobaki. Kwa mkono mwingine alishika pindo la nguo yake, akalikunja kwenye kidole, tayari.

Alikaa hivyo mpaka jua likazama lote. Mimi sikuona kitu, sitamwongopea mtu. Niliona mwanamke mzee amechutama na mkono uliokunjuliwa, na midomo inacheza polepole, anaongea na mtu, mambo mengi, kwa Kichali.

Halafu alinyanyua lile pindo, akafuta nalo hewani taratibu, akainuka.

"Funga lango, Dema," aliniambia. "Wameingia wote."

Nikafunga.